Wakaguzi wa Mikungu

Miti ya mikungu ilikuwa minne, imejipanga ubavuni mwa ukuta mrefu wa ghala lililofungwa zamani, na chini ya kila mkungu palikuwa na riziki ya mtu. Mti wa kwanza, ule wa upande wa njia kuu, ulikuwa wa kinyozi, pamoja na kiti chake cha kuzunguka kilichokwisha kusahau kuzunguka. Wa pili ulikuwa wa Mama Chai, na mabenchi yake na birika jeusi. Wa tatu ulikuwa wa fundi wa cherehani, mwanamke mtu mzima aliyeitwa Bi Uzi kwa sababu hakuonekana bila kipande cha uzi mdomoni, hata msibani. Wa nne, wa mwisho kabisa, ulikuwa wa mdogo wake Bi Uzi, mchomea vyuma, na huyo walimwita Cheche.

Mahali pale palikuwa safi kuliko sebule za watu wengi, na usafi huo ulikuwa na kisa chake. Miaka ya nyuma ofisi ya mji ilileta lori na watu wenye sepetu, ikasema pale ni pachafu, watu waondoke. Kinyozi alisimama mbele ya lori akiwa na wembe mkononi. Hakukusudia kumtisha mtu, alikuwa katikati ya kidevu cha mteja. Akaomba wapewe nafasi waonyeshe kwamba ni watu wa kustahili kivuli. Wakapewa. Kuanzia hapo waliweka zamu: kila asubuhi mwenye zamu alifagia chini ya miti, akaokota majani na makungu yaliyodondoka, kisha akachota maji kwa ndoo na kuyarusha kwa kiganja, pole pole, mpaka vumbi linyamaze na ardhi inukie. Udongo ukawa mweusi, laini, wa baridi. Mtu mwenye viatu vipya aliukanyaga kwa adabu. Wateja walisifu, lori halikurudi, na kinyozi akajipa uenyekiti ambao hakuna aliyeutaka.

Mtu mmoja tu hakuwa na zamu.

"Mimi natumia umeme, Mwenyekiti," Cheche alisema. "Waya wangu umepita hapo chini na una viraka kama suruali ya mlevi. Nikimwaga maji nitakaukia hapo hapo. Mtanikuta asubuhi nimesimama kama sanamu, mnitundikie na kofia zenu."

Kweli chini ya mti wake hapakuwa na la kufagia. Udongo ulishindiliwa na vipande vya chuma, kutu, masalio ya vijiti vya kuchomea, na oili iliyomwagika mwaka hadi mwaka, mpaka pakawa pagumu kama sakafu ya gereji. Nyasi hazikuthubutu. Kinyozi alipaita jalalani, na kila alipopataja alimtupia Bi Uzi jicho, kama vile ndiye aliyezaa lile jalala.

Naye Bi Uzi aliumia, kwa sababu kwa namna fulani ndiye aliyemzaa Cheche. Mama yao alipofariki mtoto alikuwa hajaota meno. Bi Uzi alimbeba mgongoni huku akijifunza kushona, na kelele ya cherehani ndiyo iliyokuwa ikimlaza. Alimlipia ufundi kwa kushona mashati ya watu usiku na mchana. Ule mti wa nne aliupigania yeye, akakaa chini yake na mkasi mkononi mpaka wengine wakachoka kubishana. Cheche alipoitwa mchafu, dada mtu alisikia kama ameambiwa kwamba hakumwogesha vizuri.

Basi wakaja panzi.

Si wale panzi wa nyasi wanaoruka ukiwapitia. Hawa walitoka ardhini mvua zilipoanza, wadogo kama punje za pilipili manga, weusi, wana madoa ya njano, na hawakutawanyika. Walikaa kwa kushonana, bega kwa bega, wakapanda mashina kwa msafara usio na haraka yoyote. Huko juu walikula, wakajivua ngozi, wakala tena, na kila wakijivua walitoka wakubwa zaidi, wenye njaa zaidi. Ngozi zao tupu zilidondokea kwenye vikombe vya Mama Chai, na wateja wakawa wanakunywa chai wamefunika kikombe kwa kiganja. Walipokomaa walivaa. Kijani, njano, wekundu kidogo kifuani, michirizi myeusi iliyonyooka ambayo hata Bi Uzi, kwa jicho lake la fundi, hakuikosoa. Mabawa walikuwa nayo lakini mafupi, ya pambo tu. Walitembea. Ukimgusa mmoja alitoa povu lenye uvundo uliokaa kidoleni mpaka kesho yake, umenawa hujanawa. Kuku mmoja wa mtaani alimdonoa panzi, akatikisa kichwa, akaondoka kama mtu aliyetukaniwa wazazi.

Ni Cheche aliyewapa jina. Alisimama siku moja na barakoa yake ya kuchomea ameipandisha utosini, akawatazama wakishuka kwenye mti wa kinyozi.

"Wakaguzi hawa," akasema. "Tazameni mavazi. Tazameni mwendo. Hawamwogopi mtu, hawana haraka, na wakiondoka mezani hakuna kitu."

Watu walivunjika mbavu. Hata kinyozi alicheka, akamkata mteja kidogo sikioni.

Kicheko hakikudumu. Jani la mkungu ni pana kama sahani, na panzi wale walilila mpaka ukabaki mshipa wa katikati unaning'inia. Majani yalipokwisha walianza maganda ya vitawi vichanga, wakayabandua kidogo kidogo, na kitawi kilichobanduliwa kilikauka. Mti wa kwanza ukabaki mifupa. Ukafuata wa pili, ukafuata wa tatu. Jua likaingia. Liliingia kwenye kioo cha kinyozi na kumrudia mteja machoni, mteja akawa ananyolewa amefumba macho kama anaswali. Siagi ya Mama Chai ikawa mafuta. Bi Uzi kanyagio la cherehani lilimchoma nyayo kupitia ndala, nguo nyeusi za wateja zikapauka mikunjoni zikisubiri vifungo, na tundu la sindano akawa halioni kwa mng'ao. Wateja wakahamia maduka ya ng'ambo ya njia, kwenye feni.

Mti wa nne ulikuwa kijani. Ulikuwa umefunga majani kama mwavuli mpya, na chini yake Cheche alichoma milango ya watu huku akipiga mluzi.

Hapo ndipo maneno yalipoanza. Kwanza yalikuwa mzaha.

"Cheche, wewe umewapa nini hao?"

"Nimewapa heshima yao," alijibu. "Ninyi mmewafanyia nini? Mmefagia, mmemwagia maji, pananukia. Hata mimi ningekuwa panzi mwenye mimba ningekuja kuzaa kwenu. Kwenu wodi ya wazazi! Kwangu atajifungulia wapi, juu ya misumari?"

Hakuna aliyecheka mara hii. Mtu aliyechomwa jua siku nzima hana hamu ya kuchekwa na mtu wa kivulini. Cheche mwenyewe hakujua kwamba amesema jambo. Alikuwa anatania tu, kama kawaida yake, akashusha barakoa na mwanga wa bluu ukawaka.

Jioni ile Bi Uzi alimfuata.

"Mdogo wangu, nakuomba kitu kimoja. Kesho shika ufagio. Fagia hata hapo mbele tu, wakuone. Zima mashine, mwaga ndoo moja, uwafunge midomo."

"Dada, sasa nifagie kutu? Nikimaliza kufagia kutu nifagie nini, chuma chenyewe?"

"Fanya kwa ajili yangu."

"Kwa ajili yako nitakula nyundo. Ufagio hapana." Akacheka, akampiga dada yake begani. Cheko lile lilimkaa Bi Uzi kifuani kama mfupa wa samaki.

Kikao kilifanyika kwenye mabenchi ya Mama Chai. Walikuwepo wale wanne na wachuuzi wachache wa pembeni waliokuwa wakipata kivuli kwa hisani. Kinyozi alisimama.

"Mimi si mtu wa ushirikina," akaanza, na kila mtu akajua ushirikina unakuja. "Nauliza tu. Miti minne, ukuta mmoja, mvua moja. Mitatu imekwisha, mmoja unanawiri. Ule mwanga wake wa bluu, mdudu gani ataupenda? Anawafukuza kwake, wanakuja kwetu. Na hiyo ni kama ni mwanga tu."

"Mimi sisemi kitu," alisema Mama Chai. "Mimi nasema tu, mtu akiwa mbichi katikati ya wakavu, kuna jambo."

"Na siku ile alisemaje?" kinyozi akadakia. "Kwamba wanakuja kuzaa kwetu. Amejuaje? Nani kamwambia, panzi?"

Cheche alikaa ukingoni mwa benchi, mikono yake yenye alama za moto imelala mapajani. "Mwenyekiti, nilikuwa natania."

"Sisi hatutanii. Sisi tunaungua." Kinyozi akageuka. "Bi Uzi, wewe ndiye ndugu yake. Sema neno tukusikie. Ukisema hana kosa, tutakuamini, maana wewe unafagia kama sisi."

Panzi mmoja alidondoka kutoka mtini, akaanguka mezani, akajinyoosha na kuendelea na safari yake kati ya vikombe. Bi Uzi alikuwa na uzi mdomoni. Angeweza kusema hana kosa. Maneno hayo alikuwa nayo, yako tayari. Lakini mbele yake kulikuwa na watu aliofagia nao miaka na miaka, na nyuma yake mti mkavu na cherehani inayochoma, na katikati ya vyote hivyo lile cheko.

"Nilimwomba afagie," akasema. "Mara moja tu. Akanicheka."

Ilikuwa kweli tupu, na ilitosha. Kinyozi akataka mikono. Ikainuka mmoja mmoja. Bi Uzi alipoona wanamngojea aliinua wake pia, hadi usawa wa bega tu, kama mtu anayepima urefu wa mkono wa shati. Hakumtazama mdogo wake. Alisikia tu sauti yake.

"Haya, Dada."

Basi. Cheche hakugomba, na watu waliokuwa wamejiandaa kwa ugomvi walibaki na ugomvi wao mikononi. Alifungua mashine yake, akakunja waya wenye viraka, akapakia kwenye mkokoteni, akaenda. Hakuaga. Kufuli la kisanduku chake cha vifaa, ambalo Bi Uzi alimnunulia alipoanza kazi, alilitundika kwenye mpini wa cherehani bila neno.

Kesho yake waliingia mahali pake kama watu wanaohamia nyumba mpya. Walibandua udongo wenye oili kwa sepetu, wakautupa nyuma ya ghala, wakaleta udongo laini, wakausawazisha. Kinyozi alihamishia pale kiti chake, maana kivuli kilikuwa kizuri. Zamu ya maji siku hiyo ilimwangukia Bi Uzi. Alirusha ndoo ya kwanza juu ya mahali pa mdogo wake, na ardhi ikanukia.

Mvua zilipokaribia kukatika, panzi walishuka. Walishuka wengi, wamenenepa, wakakusanyika chini ya miti, hasa pale penye udongo mpya, wakachomeka mikia yao ardhini na kutulia. Walikaa hivyo saa nyingi, hawali, hawatembei. Baada ya siku kadhaa walianza kufa. Walikauka wakiwa wamevaa vile vile, na upepo ukawaviringisha.

"Mnaona?" kinyozi alipaza sauti. "Mnaona wenyewe? Mwenyewe kaondoka, watu wake wanakufa!"

Mama Chai aligawa chai ya bure. Mizoga ilifagiliwa, ikachomwa, ikanuka mtaa mzima. Bi Uzi alikunywa chai ile. Alijiambia kwamba basi, kumbe ilikuwa kweli, na moyo wake ulipata mahali pa kuegemea. Miti ikatoa majani machanga. Kiangazi chote walifagia na kumwagia maji kwa bidii kuliko zamani, na jua lilipopasua ardhi kila mahali, chini ya mikungu ile udongo ulibaki na ubaridi wa mtungi.

Mvua zikarudi, nao wakatoka. Mti wa nne ndio walioanza nao. Walibubujika pale pale chini ya kiti cha kinyozi, weusi, wenye madoa, wakampanda mteja miguuni akiwa na sabuni usoni. Miezi michache baadaye mikungu yote minne ilikuwa mifupa, na kwenye ule wa nne vitawi vilivyobanduliwa vilikuwa vingi kuliko kwingine.

Watu walitazamana. Hakuna aliyemtaja Cheche. Mtu alisema labda ni mabaki ya dawa zake. Mwingine akasema labda. Kinyozi mwishowe akaenda ofisi ya mji kuomba wapuliziwe dawa, na ofisi, baada ya kumzungusha, ikamtuma afisa wa miti.

Afisa alikuwa binti mwenye viatu vya mpira na kijembe kidogo cha mkono. Alifika mvua zimekatika, panzi wamekwisha kufa tena, na ardhi imefagiliwa mpaka inang'aa.

"Shikamooni."

"Marahaba, binti yetu. Karibu kwenye usafi."

"Nani anamwagia maji hapa?"

"Sisi!" Kinyozi alijaza kifua. "Kila siku ya Mungu. Hata siku za manyunyu tunaongeza."

Binti alipiga magoti chini ya mti wa nne, akachimba kina cha kiganja, akatoa bonge la udongo na kulivunja. Ndani yake palikuwa na kitu kama kipande cha sponji kikavu, urefu wa pingili ya kidole. Akakipasua kwa ukucha. Punje za njano zilikuwa zimelala humo, zimeegemeana kama mchele. Akachimba pembeni, akapata kingine. Akachimba tena. Kila mahali alipogusa vilikuwepo.

"Mayai," akasema. "Anatoboa ardhi kwa mkia, anataga, anafunika kwa povu, povu linakauka. Hapendi kutaga juani, na penye ugumu hawezi. Anatafuta kivuli na udongo laini wenye unyevu. Mmoja akipata mahali pazuri, wenzake wanamfuata hapo hapo. Kiangazi kingeyakausha mengi. Hapa yananyweshwa."

"Mwaka jana tuliwaona wametulia hapa," Mama Chai alisema taratibu. "Tukasema wanakufa."

"Walikuwa wanazaa, mama. Kufa kulikuja baadaye."

Uzi ulimdondoka Bi Uzi mdomoni. "Na penye kutu?" akauliza. "Penye vyuma na oili, pameshindiliwa kama sakafu?"

"Hapo mkia haupiti. Mti wa hapo ungepona, angalau kwa sehemu kubwa, maana hawa si warukaji. Wanapanda mti ulio karibu na walipotokea."

Hakuna aliyeutazama mti wa nne. Binti alijipangusa magoti. Dawa ya kupulizia hakuwa nayo, alisema. Walichotakiwa ni kuchimba chini ya miti yote, kupindua udongo mayai yapigwe jua, na kuacha maji mpaka mvua. Wakichelewa, miti haitastahimili mwaka mwingine na ofisi italazimika kuikata. Akaaga, akaenda zake.

Kinyozi alisubiri mpaka alipopinda kona.

"Mmemsikia? Tuchimbe mashimo. Tuache kufagia. Halafu lori lije, wakute matuta na vumbi: pachafu, ondokeni! Hii njama wameikalia mezani, wakaipika, wakamtuma mtoto mwenye sura nzuri atuletee kwenye sahani."

Na hakuna aliyeweza kusema ni mjinga, kwa sababu lori walikuwa wameliona kwa macho yao, na mayai yale, ukiyafunika kwa udongo, hayakuonekana tena.

"Na Cheche je?" Bi Uzi aliuliza.

"Cheche ndiye nani?" alisema kinyozi, akaenda kuchota maji.

Kumpata mdogo wake hakukuwa kazi, wachomea vyuma hujuana. Alikuwa upande wa pili wa mji, nyuma ya gereji za malori, chini ya mabati manne juu ya vyuma alivyochomelea mwenyewe. Mti hapakuwa na hata mmoja. Chini ya mabati joto lilikuwa la tanuri. Cheche alikuwa amekonda, na ngozi ya shingo imeungua ikawa na magamba. Alipomwona dada yake alizima mashine, akampangusia ndoo iliyopinduliwa akae.

"Shikamoo, Dada."

"Marahaba, mdogo wangu." Bi Uzi alikuwa amepanga maneno njiani, yakamtoka yote kwa mkupuo: mayai, povu, udongo laini, maji, mkia usiopita kwenye kutu. Alizungumza kama mtu aliyeleta dawa ya ugonjwa.

Cheche alisikiliza. Kisha akaangua kicheko, kile kile cha zamani. "Kwa hiyo ilikuwa wodi ya wazazi kweli! Mimi nilikuwa natania, kumbe nimesema ukweli!" Alicheka mpaka akashika nguzo, kisha kicheko kikakatika. Akaokota kijiti cha kuchomea, akakigeuza vidoleni.

"Sasa, Dada, hii habari umemletea nani?"

"Wewe. Ujue kwamba hukufanya."

"Mimi nilijua sikufanya. Nilijua siku ile ile, nimekaa kwenye benchi. Habari hii ni yako." Hakupandisha sauti. "Wale wengine sawa, hawanijui, walihitaji mtu wa kuja kuchimba. Wewe umenibeba mgongoni. Ulihitaji kuchimba nini?"

Bi Uzi alitafuta uzi wake mdomoni, haukuwemo. "Rudi," akasema. "Nitasimama mbele yao nitasema."

"Nirudi wapi? Kwenye miti inayokatwa? Na utawaambia nini, kwamba nilicheka vibaya?"

Mteja aliingia, mwanamume aliyekuja kuulizia dirisha lake. Aliwatazama wote wawili, paji la uso lile lile, pua ile ile, akatabasamu. "Fundi, leo umetembelewa na mama?"

"Hapana," alisema Cheche, akiishusha barakoa usoni. "Jirani wa zamani. Anashona nguo."

Mwanga wa bluu ukawaka, na Bi Uzi ikambidi ageuze macho.

Siku iliyofuata ilikuwa zamu yake. Alifika mapema kuliko wote, jua ndiyo kwanza linachungulia juu ya ukuta wa ghala. Ndoo hakuigusa. Alikwenda mti wa nne na jembe la nyumbani, akasogeza kiti cha kinyozi, akaanza kuchimba. Hakuwa na matumaini ya kurudishiwa kitu. Alichimba kwa sababu alikuwa amechelewa kuchimba. Vipande vya povu alivichambua kwa vidole, akaviweka juu ya kitambaa cheusi, kipande kilichobaki kwenye suruali ya mtu, ili baadaye avianike juani. Alikuwa amepindua udongo kuzunguka nusu ya shina aliposikia viatu vikisimama nyuma yake.

"Unazika nini hapo?"

"Siziki kitu, Mwenyekiti. Natoa mayai. Si uliyaona juzi?"

"Nauliza unazika nini chini ya mti wangu kabla watu hawajaamka."

Mama Chai alikuwa amefika na birika lake. Alikitazama kitambaa cheusi, kimekunjwa pembe, kina vitu ndani. Alirudi hatua moja, kisha nyingine. "Mimi sisemi kitu," akasema.

"Mama Chai, njoo uone, ni mayai, ni yale yale..." Bi Uzi alinyanyua kitambaa kumwonyesha, na Mama Chai akaruka pembeni, chai ikamwagika.

"Usinielekezee! Jamani, usinielekezee hicho!"

"Ukoo," alisema kinyozi kwa sauti ya chini, karibu ya huruma. "Tulimfukuza mmoja tukamwacha mwingine. Na juzi alikuwa anamuulizia. Wapi kaenda jana? Nani hajui kaenda wapi jana?"

Wachuuzi wa pembeni walianza kufika. Waliona udongo uliopinduliwa, jembe, kitambaa, na hawakuhitaji kuelezwa. Mtu mmoja aliusukumia udongo shimoni kwa mguu, akaukanyaga taratibu, mayai yaliyobaki humo yakalala tena mahali pake pa baridi. Mwingine alichukua ndoo ya zamu, akaijaza, akarusha maji juu kwa kiganja mpaka alama ya jembe ikapotea.

Mabenchi yakavutwa. Bi Uzi alikalishwa ukingoni, mahali ambapo Cheche alikaa, udongo umemjaa kwenye kucha. Juu yao matawi hayakuwa na jani hata moja, na jua lilimpata kila mtu sawasawa. Kinyozi alisimama, akasafisha koo, akasema yeye si mtu wa ushirikina. Akasema aliyosema. Kisha, kwa sababu ndivyo utaratibu ulivyokuwa, akaangaza macho benchi hadi benchi.

"Kabla ya mikono," akasema, "ndugu wa huyu mama yupo? Aseme neno tumsikie."

Wakangoja kidogo, kwa adabu.